Namna ya Kukagua Blu-ray ya Filamu ya Vichekesho na Majonzi

Filamu inayochanganya vichekesho na majonzi haina milipuko ya kukuonyesha uwezo wa spika zako. Uzito wake umo katika nyuso, katika sauti za chini, na katika kile kitambo kifupi cha ukimya kabla mtu hajacheka au hajalia. Ndiyo maana diski yake ya Blu-ray, yaani diski yenye picha kali kuliko ya DVD, mimi huikagua kwa utaratibu ufuatao, ambao ni tofauti na ule wa filamu za mapigano.

Hatua ya kwanza: soma kasha. Hakikisha kwamba herufi ya eneo la dunia ambalo diski ilitengenezewa, yaani A, B au C, inakubaliwa na deki yako. Tazama pia ukubwa wa diski: yenye tabaka moja hubeba gigabaiti 25, na yenye tabaka mbili hubeba 50.

Hatua ya pili: andaa televisheni. Zima kipengele cha kulainisha mwendo, kwa kuwa hubuni fremu, yaani picha mojamoja zinazounda mwendo, ambazo mpigapicha hakuzipiga, kisha iamuru deki itoe fremu 24 kwa sekunde kama filamu ilivyopigwa. Zima pia ukuzaji wa picha unaokata kingo, maana mwigizaji anayechekesha kimyakimya mara nyingi huwekwa pembeni kabisa mwa fremu.

Hatua ya tatu, ambayo naipa muda mwingi kuliko zote: chagua onyesho tulivu lenye uso uliopigwa kwa karibu na ulisimamishe. Picha ya pikseli 1920 kwa 1080 inatosha kuonyesha mikunjo ya macho, vinyweleo na unyevu wa chozi ambalo bado halijadondoka. Ikiwa filamu ilipigwa kwa utepe wa filamu badala ya kamera ya kidijitali, utaona pia chembechembe ndogo zinazocheza juu ya picha. Hizo si uchafu, bali ndizo zinazobeba undani wa picha. Ngozi ikionekana laini kama nta, fahamu kwamba watayarishaji wa diski walizifuta chembechembe hizo kwa kompyuta na kuufuta pamoja nazo nusu ya uigizaji.

Hatua ya nne: sikiliza minong'ono. Chagua sauti isiyopunguzwa data, kama vile DTS-HD Master Audio au Dolby TrueHD, uzime mpangilio wa usiku, ambao hupunguza tofauti kati ya sauti kubwa na ndogo, kisha usikilize mazungumzo ya chini bila kugusa rimoti. Ukilazimika kuongeza sauti ili uyasikie, kagua kwanza spika ya katikati, kwa kuwa ndiyo inayobeba maneno, kabla hujailaumu diski.

Hatua ya tano: pima kasi. DVD za PAL, mfumo wa televisheni wa fremu 25 kwa sekunde, kwa kawaida ziliharakisha filamu kutoka fremu 24 hadi 25 kwa sekunde, hivyo filamu ya dakika 100 ikaisha kwa dakika 96, sauti za waigizaji zikapanda kidogo, na ukimya kabla ya kicheko ukafupishwa. Blu-ray inayotoa fremu 24 huurudisha ukimya huo. Ikiwa unayo DVD ya namna hiyo, linganisha onyesho lilelile katika diski zote mbili. Mimi hushangaa kila mara jinsi mzaha uleule unavyopata nafasi ya kupumua.

Mwisho, washa maandishi ya tafsiri katika onyesho hilohilo. Yakitokea kabla mwigizaji hajafumbua kinywa, mtazamaji atacheka mapema na kuukosa uso wake, kwa hiyo iandike dakika husika kama kasoro ya toleo.