Kusoma kitabu cha vita kilichokataliwa: fuata namba mpaka kisimani

Mpwa wangu, anayesomea ualimu hapa Mtwara, alinijia na simu mkononi. "Mjomba, kumbe Dresden walikufa watu laki mbili na ushee!" Kitabu cha mwandishi Mwingereza David Irving kuhusu mji huo wa Ujerumani, uliopigwa mabomu kwenye Vita vya Pili vya Dunia, kilikuwa kimemfikia kwa WhatsApp. Sikumwambia akifute. Tulikisoma hivi.

Hatua ya 1: Mjue mwandishi. Dakika kumi zinatosha. Irving alimshtaki mwanahistoria Deborah Lipstadt huko London kwa kumwita mkanushaji wa mauaji ya Wayahudi. Mwaka 2000 Jaji Charles Gray akaamua kwamba Irving ndiye aliyepotosha ushahidi kwa makusudi.

Hatua ya 2: Kaunta buku na penseli. Kushoto andika dai, kulia andika kalitoa wapi. Simu siitaki kabisa kwa kazi hii. Kwenye simu mtu ananakili, hasomi.

Hatua ya 3: Fuata namba. Hapa mimi nilipoteza mikesha miwili. Mwaka 1963 Irving aliandika wafu 135,000. Nikaikuta namba hiyohiyo kwenye maandishi mengine matano, nikajisemea mashahidi sita hao, kesi imekwisha. Kumbe wote walichota kwake. Kwa hiyo usihesabu vitabu, hesabu visima.

Ukifika kisimani, uliza: hii ni hati yenyewe au nakala ya nakala? Ile 202,040 ya mpwa wangu ilitoka kwenye nakala ya taarifa ya polisi wa Dresden ya Machi 1945. Ilipopatikana isiyochezewa, ilisomeka 20,204. Mtu aliongeza sifuri. Aliyewahi kupeleka korosho chama cha msingi anajua sifuri moja kwenye stakabadhi ina uzito gani.

Angalia pia mwaka wa chapa uliyonayo. Mwaka 1966 Irving mwenyewe aliandika barua kwenye gazeti la The Times kurekebisha hesabu yake ya wafu, lakini barua ya gazetini haikifukuzi kitabu kilichokwisha kuuzwa. Faili la WhatsApp mara nyingi halina hata ukurasa wa chapa. Likiwa hivyo, mimi naliacha mpaka nipate lenye ukurasa huo.

Na usirukie upande wa pili. Mpwa wangu alipoona ile sifuri akasema basi yote uongo. Hapana. Ndege za Waingereza na Wamarekani ziliupiga mji huo kweli kuanzia usiku wa Februari 13, 1945, na jopo la wanahistoria lililoundwa na mji wenyewe lilihitimisha mwaka 2010 kwamba waliokufa hawakuzidi 25,000.

Hatua ya 4: Nani hana jina? Jizoeze na cha kwetu: kumbukumbu za Paul von Lettow-Vorbeck, kamanda wa jeshi la Wajerumani huku kwetu kwenye Vita vya Kwanza vya Dunia, pale anaposimulia mapigano ya Mahiwa, Lindi, Oktoba 1917. Hesabu maofisa waliotajwa kwa majina, kisha hesabu wapagazi. Kazi hiyo nimemwachia mpwa wangu. Ameshaniomba nauli ya kwenda Mahiwa.