Somo: Ruhusa za Jira kwenye taasisi kubwa, tumia roli achana na magrupu

Wakuu habari zenu. Naona maadimini wengi tunateswa na ruhusa za Jira (programu ya kufuatilia kazi kwa tiketi), kila timu mpya ikija unaitengenezea skimu yake (orodha ya nani anaruhusiwa kufanya nini) na grupu lake, baada ya miaka miwili hujui nani anaona nini na maombi ya "niongeze kwenye projekti fulani" yote yanakuangukia wewe. Dawa yake roli, yaani nafasi ya mtu ndani ya projekti: grupu ni la Jira nzima, ila roli kila projekti inajaza watu wake.

1. Fungua ukurasa wa skimu za ruhusa, angalia kila skimu inatumiwa na projekti zipi. Hapa usiwe na haraka. Skimu ikiwa ya pamoja, ukiigusa umegusa projekti zote zinazoitumia kwa mpigo, mimi niliwahi kutoa grupu moja nikidhani nasafisha projekti ya timu moja, dakika kumi hazijaisha simu hazikatiki, watu wa idara nyingine kabisa wanauliza tiketi zao zimeenda wapi. Zilikuwepo, ila ruhusa ya kuona projekti ndo ilikuwa imeondoka, na bila hiyo zingine zote hazina kazi. Kwa hiyo kopi kwanza, hariri hiyo kopi.

2. Kila ruhusa ipe roli, sio grupu wala jina la mtu. Roli tatu zinatosha, watazamaji, watendaji na wasimamizi, hao wa mwisho wape ruhusa ya kuendesha projekti ili waongeze watu wao wenyewe.

3. Jaribu na projekti moja, jaza watu kwenye roli zake kisha iunganishe na hiyo kopi ya skimu, zingine hamisha kidogokidogo.

MASWALI

Swali: Mkuu, mtu yuko kwenye roli, projekti anaiona, ila kuna tiketi moja tu haioni??
Jibu: Cheki kiwango cha usalama cha hiyo tiketi, kinaificha hata kwa mwenye ruhusa. Na usibahatishe, kuna kisaidizi cha ruhusa humo humo, unaweka jina la mtu, namba ya tiketi na ruhusa yenyewe, kinakwambia kakwama wapi.

Swali: Mfanyakazi kaacha kazi, nifute akaunti?
Jibu: Izime tu. Ila filta zake (utafutaji wa tiketi aliouhifadhi) zipe mwenyewe mpya kwanza, bodi za timu zinakaa juu ya filta.

Swali: Tiketi tumefunga ila ripoti inasema hazijatatuliwa.
Jibu: Hii sio ya ruhusa lkn poa. Jira inaangalia fildi ya utatuzi (Resolution), haijali hatua umeiita jina gani, sasa kwenu iko tupu. Weka kwenye mtiririko wa kazi ijijaze tiketi ikifungwa na ijifute ikifunguliwa tena. Halafu nakuomba usiongeze humo chaguo linaloitwa "haijatatuliwa", Jira itaona fildi ina kitu, itahesabu imetatuliwa.