Kumtambua kambale dume na jike

Unapochagua kambale wazazi (Clarias gariepinus), usitegemee tumbo: hata dume aliyeshiba hutuna. Mfunike kichwa kwa kitambaa kilicholowa atulie, jihadhari na miiba ya mapezi ya kifuani, kisha mgeuze chali uangalie nyuma ya tundu la haja. Dume ana kinyama kirefu chenye ncha kinachoelekea mkiani. Jike ana uwazi wa duara tu. Kinyama hicho ni kiungo cha uzazi chenyewe, kwa hiyo hakidanganyi kama ukubwa wa mwili. Kwa vifaranga haisaidii, kwani kinyama bado hakijachomoza. Na ukishampata dume, usihangaike kumkamua tumbo kama jike anavyokamuliwa mayai. Mbegu hazitoki kirahisi, ndiyo maana wazalishaji wengi humpasua na kutoa korodani.