Matawi Uliyopogoa Usimtupie Mbuzi

Mbuzi aliyeshiba huonja jani chungu akaliacha. Anayekufa kwa sumu mara nyingi ni yule aliyeshinda kambani na njaa, kisha jioni mtu kapogoa bustani na kumrushia rundo zima. Kwa hiyo mshibishe nyasi kwanza, ndipo umsogeze karibu na maua. Kamba ya mita 3 ihesabu kuwa mita 4, kwa sababu shingo nayo inafika, na akisimama kwa miguu ya nyuma anayafikia hata matawi ya juu.

Oleanda ndiyo ya kung'oa kabisa. Utaitambua kwa majani marefu, membamba na magumu, yanayotoka matatu matatu kwenye pingili moja, na maua ya waridi, mekundu au meupe. Majani machache tu yanamtosha mbuzi. Sumu yake hushika moyo: mapigo yanakwenda ovyo, mnyama anaharisha, analegea, anaanguka. Jani likikauka sumu inabaki palepale. Usiyachome, maana moshi wake nao una sumu. Yafukie mbali na zizi, na opoa yaliyodondokea kwenye birika la maji.

Mparachichi huzua ubishi, kwa kuwa wako mbuzi waliokula majani yake wakabaki wazima. Inategemea aina ya mti, na zaidi kiasi kilicholiwa. Gramu 20 za majani kwa kila kilo ya uzito huvimbisha kiwele vibaya. Gramu 30 huumiza moyo. Mbuzi wa kilo 30, basi, anafikia hatari ya kwanza kwa gramu 600. Kiwele kinakuwa kigumu, maziwa yanapungua ghafla, na yanayotoka ni majimaji yenye mabonge. Watu hukimbilia antibayotiki, lakini kilichoharibu hapo si vijidudu. Sungura na ndege wa kufugwa wasipewe majani haya kabisa.

Majani na maganda mabichi ya muhogo, hasa ule mchungu, hutoa sayanidi, sumu inayoweza kuua ndani ya dakika chache. Mnyama anahema kwa nguvu, ufizi unakuwa mwekundu wa kung'aa, anatetemeka. Yakatekate, uyaanike juani siku 2 hadi 3 kwa tabaka jembamba, ukiyageuza. Ukiyarundika, ya chini yanabaki mabichi na kuota ukungu. Machipukizi ya mtama baada ya ukame yana sumu hiyohiyo.

Lantana, kichaka cha maua madogo ya rangi mchanganyiko, huharibu ini: macho yanakuwa ya manjano, na ngozi ya pua na masikio inababuka juani, hivyo mgonjwa akae kivulini. Kwa mbarika, ogopa mbegu zaidi ya jani.

Ukishuku sumu, ondoa mmea, mwite daktari wa mifugo na umwonyeshe tawi lenyewe. Kwa sumu nyingi za majani hutoa mkaa wa dawa, gramu 1 hadi 3 kwa kilo. Mkaa wa jikoni haufanyi kazi hiyo. Ya muhogo ina sindano yake ya mshipani. Mbuzi aliyelala usimnyweshe maziwa wala mafuta, yataingia mapafuni. Aliyekufa asiliwe, hata na mbwa. Daktari akimpasua, vipande vya majani ya oleanda bado huonekana tumboni.