Kadi nyuma ya simu? Weka moja tu
Kama kava la simu yako lina mfuko wa kadi, weka humo kadi moja tu, ya akaunti yenye pesa za matumizi madogo. Nyingine zikae kwingine. Mwizi akikwapua vyote kwa pamoja, ana namba ya kadi, zile tarakimu 3 za nyuma, na simu yenyewe inayopokea meseji ya kuthibitisha malipo. Umemmalizia kazi! Kwa hiyo zuia meseji zisisomeke skrini ikiwa imefungwa, na laini nayo iwekee PIN (wengi huisahau hii). Namba ya benki ya kufungia kadi iandike nje ya simu. Kava la sumaku je? Chipu ya kadi haina shida, ila ule mstari mweusi wa nyuma unaweza kufutika.