Pikapu Ikitetemeka Imesimama: Itafute Silinda Kabla ya Kununua Plagi

Barabarani pikapu inakwenda vizuri, lakini ukikwama kwenye foleni ya Jogoo Road, Nairobi, usukani unatetemeka na vioo vinacheza. Wengi hukimbilia Kirinyaga Road kununua plagi au nozo (kinachopuliza mafuta kwenye silinda). Ngoja kwanza. Jua kama injini inamisi, yaani silinda mojawapo haichomi mafuta sawasawa, au inazunguka sawasawa na mtikisiko unapenya tu kwenye mauntingi zilizochoka, yaani raba zinazoshikilia injini. Dalili zinafanana, gharama hazifanani hata kidogo.

Endesha dakika 15 hivi injini ipate moto, kisha egesha mahali tambarare, gia huru, breki ya mkono juu. Shikilia kipande cha karatasi shubiri moja nyuma ya ekzosi. Karatasi ikipigwa kwa mapigo yaliyo sawa, injini haimisi. Ikiruka pigo kila mara kwa mpangilio uleule, kuna silinda iliyolala. Tazama pia mshale wa mizunguko: pikapu nyingi hukaa kati ya 650 na 850 kwa dakika. Ukiwa chini ya hapo kwenye gari la petroli, safisha throtoli (mlango wa hewa wa injini) kabla ya jambo lingine lolote.

Kama haimisi, kagua mauntingi. Mwenzako akae ndani, akanyage breki barabara, aingize gia ya kwanza na kuachilia klachi kidogo tu hadi injini ilemewe, halafu arudie kwa rivasi. Wewe simama ubavuni, usisimame mbele wala nyuma ya gari. Injini ikiinuka zaidi ya sentimita 3 hivi, raba imekatika. Mara nyingi kinachoiua ni oili inayochuruzika kutoka juu ya injini, kwa hiyo ziba uvujaji huo kwanza, la sivyo raba mpya nayo italainika. Badilisha za kushoto na kulia pamoja, na usiisahau ile iliyo chini ya giaboksi.

Kama inamisi, tafuta ni silinda ipi. Kwa petroli, zima injini, chomoa soketi ya koili moja (inayopeleka umeme kwenye plagi), washa usikilize kwa sekunde chache, zima, rudisha, nenda kwa inayofuata. Ukichomoa koili ya silinda nzima, mtetemo unazidi. Ukichomoa na hakuna kilichobadilika, umeipata. Usiiache ikinguruma hivyo kwa muda mrefu, maana petroli isiyoungua huharibu katalisti, kile kisafisha moshi cha ekzosi. Mwenye skana, kifaa kinachosoma kompyuta ya gari, ataona msimbo kati ya P0301 na P0304, tarakimu ya mwisho ikiwa namba ya silinda. Hamisha koili ya silinda mbovu kwenda silinda nyingine: ubovu ukihama nayo, nunua koili moja tu. Usipohama, hamisha plagi vivyo hivyo. Zote zikiwa nzima, pima nozo, na mwisho kompresheni (shinikizo ndani ya silinda).

Dizeli za zamani zenye pampu ya kawaida, kama TD27 ya Nissan, hupimwa kwa kulegeza nati ya paipu kwenye nozo, moja baada ya nyingine, huku injini ikinguruma. Isiyobadilisha mlio ndiyo mbovu. Usifanye hivyo kamwe kwenye Hilux D-4D, wala dizeli yoyote ya reli ya pamoja (common rail), ambamo paipu moja yenye shinikizo kubwa hulisha nozo zote. Shinikizo humo ni mamia ya baa hata injini ikiwa imetulia. Dizeli hiyo hutoboa ngozi na kuingia mwilini, na kidonda kinachoonekana kidogo kinaweza kukugharimu mkono. Hizo zipimwe kwa skana, usome marekebisho ya mafuta ambayo kompyuta inaifanyia kila nozo. Moja ikiwa mbali sana na wenzake, hiyo ndiyo ishughulikiwe. Kwenye D-4D kagua pia washa za shaba chini ya nozo. Zikivuja, masizi huingia kwenye oili, huziba chujio la oili lililo chini ya injini, na injini hufa kwa kukosa oili.

Mtetemo ukianza muda mfupi baada ya kujaza tangi, fungua koki chini ya filta ya dizeli na ukinge mafuta kwenye chupa angavu. Maji hukaa chini. Kwa petroli, kagua hewa inayopenya: bana kwa koleo mpira wa hewa unaotoka kwenye injini kwenda kwenye busta ya breki (kifaa kinachoongeza nguvu ya breki), na injini ikitulia, busta au mpira wake unavuja.

Kompresheni inahitaji uangalifu hapa Nairobi. Mji uko zaidi ya mita 1,600 juu ya bahari, hewa ni nyepesi, kwa hiyo injini ambayo kitabu kinasema baa 12 inaweza kuonyesha 10 na isiwe na ugonjwa wowote. Fundi akikuambia ifunguliwe kwa sababu ya namba hiyo pekee, kataa. Linganisha silinda zenyewe kwa zenyewe. Kwa petroli, toa plagi zote, zima mafuta na koili, kanyaga pedali ya mafuta hadi chini, zungusha mara 5 au 6. Tofauti ya zaidi ya baa 1 inahitaji uchunguzi. Tia kijiko kimoja cha oili kwenye silinda iliyo chini, pima tena: ikipanda sana, ringi zimekwisha, isipopanda, vali hazifungi. Silinda mbili jirani zikiwa chini kwa pamoja, huenda gasketi ya kichwa imeungua kati ya silinda hizo.