Jinsi ya Kugeuza Riwaya Yako Kuwa Mswada wa Filamu

Mwandishi wa Mwanza mwenye riwaya ya maisha ya ziwani, anayetamani kuiona kwenye filamu, atafaidika akichunguza kazi ya Mika Waltari wa Ufini (1908–1979). Huyu aliandika mswada wa filamu ya Kulkurin valssi ya mwaka 1941, na mwaka 1945 akatoa riwaya yake mashuhuri ya Sinuhe.

Anza kwa kuifunga riwaya yako na kuandika, kwa kumbukumbu tu, matendo makuu ya kisa katika kurasa mbili. Lililosahaulika, mara nyingi halikuwa mhimili wa kisa.

Kisha fanya kazi iliyo ngumu kuliko zote, yaani kuyageuza mawazo ya mhusika kuwa mambo yanayoonekana na kusikika. Tuseme riwaya yako inasema, “Nyamizi alihisi kwamba mumewe hatarudi.” Kamera haiuoni moyo wa Nyamizi, kwa hiyo andika hivi:

NJE – MWALO WA IGOMBE – ALFAJIRI
Mitumbwi ya dagaa inaingia, taa zikizimwa moja baada ya nyingine. Nyamizi anaihesabu kwa kidole. Wanawake wenzake wanajaza ndoo na kuondoka. Ndoo yake imebaki tupu.

Angalia kwamba hakuna aliyesema neno, na kwamba tukio limewekwa ufukweni alfajiri, kwa sababu kupiga picha katikati ya ziwa usiku kunadai mitumbwi ya ziada, taa na waokoaji, gharama ambayo mtayarishaji mdogo haimudu.

Usome mswada kwa sauti huku ukitazama saa, kwani ukurasa mmoja hukadiriwa kuwa dakika moja ya filamu.

Kabla ya kumkabidhi mtayarishaji, sajili kazi yako COSOTA, yaani Ofisi ya Hakimiliki Tanzania, na mkataba utaje haki ya filamu peke yake, kwa muda wenye kikomo, ambao ukiisha bila filamu kutengenezwa haki inarudi kwako. Sharti hili nalisisitiza kwa dhati: riwaya ya upelelezi ya Waltari iliyochapishwa mwaka 1940, Komisario Palmun erehdys, ilitengenezewa filamu mwaka 1960, miaka ishirini baadaye. Filamu ikichelewa hivyo, mkataba usio na kikomo ungekufunga muda wote huo.